Skonzi za Makoye

Kila siku akitoka shule, Bhoke alivua sketi ya shule, akaikung'uta, akaitundika msumarini, ndipo akawasha jiko la mkaa. Mama yake alifanya usafi kwenye hosteli moja ya wageni pale Musoma mjini, na alirudi jua likiwa limeshazama. Kwa hiyo kazi za nyumbani kwao Iringo zilikuwa za Bhoke: maji, vyombo, uji wa mdogo wake, na moto. Kwa habari ya moto, Bhoke hakuwa na mpinzani mtaa mzima. Alijua mkaa upi unawaka haraka na upi unatunza joto.

Kilichomshinda ni kusema. Darasani, mwalimu akimwita jina tu, koo linakauka. Alikuwa anajua majibu, lakini yanaishia kwenye ulimi.

Wakati mmoja wageni kutoka Kanada waliondoka pale hosteli wakamwachia mama chupa yenye picha ya jani jekundu. Ndani mlikuwa na maji ya mti wa kwao unaoitwa mepo, yaliyochemshwa mpaka yakawa mazito, rangi yake kama chai ya rangi. Mama akaiita asali ya mti. Bhoke akaionja kwa ncha ya kidole, akaona hii si ya kulamba ovyo. Akaamua kuipikia skonzi.

Maziwa hayakuwepo, mayai hayakuwepo, siagi ndiyo kabisa. Akasaga karanga, akazikamua kama nazi akapata tui. Akachanganya na unga wa ngano, baking powder, mafuta ya pamba na asali ya mti. Akaoka kwenye sufuria, mkaa chini na mkaa juu ya mfuniko. Za kwanza zilikuwa ngumu kama matofali, mdogo wake akawatupia kuku. Bhoke hakukata tamaa. Akagundua kwamba donge halitaki kukandwa sana. Lishikwe kidogo tu, likatwe, liingie kwenye moto. Baada ya kurudia na kurudia, zikatoka laini, zimepasuka pembeni, zinanukia nyumba nzima.

Mama alikula, halafu akasema, "Hizi nikimpelekea mtu, atasema nimenunua."

Sasa, darasa lao la sita lilikuwa na mvulana anaitwa Makoye, aliyehamia kutoka Bunda. Makoye mwili wake unakataa maziwa na mayai. Kwenye mahafali alimegewa kipande cha keki, akavimba midomo na macho, pumzi ikawa inatoka kama filimbi. Mwalimu mkuu alimpakia kwenye gari mbio mbio hospitali. Tangu hapo kila kwenye sherehe Makoye alikaa dirishani na kiazi chake cha kuchemsha, akiangalia wenzake wakila.

Siku ya wazazi ilipokaribia, Madam Prudence, mwalimu wa darasa, akauliza, "Nani anajua kitafunwa kisicho na maziwa wala mayai? Safari hii nataka Makoye ale na wenzake."

Bhoke moyo ukaruka. Mkono ukapanda mpaka begani, ukarudi. Akamnong'oneza Happyness, jirani yake wa dawati, "Mimi huwaga napika."

"Sema basi," Happyness akamjibu.

"Naogopa."

Wakati wa mapumziko Happyness akamuuliza yote: karanga, mafuta, asali ya mti, moto wa juu na chini. Bhoke akamweleza kila kitu, tena kwa furaha, maana alidhani Happyness atamsemea.

Kesho yake Happyness alisimama katikati ya darasa. "Madam, mimi najua kupika skonzi ambazo Makoye anaweza kula. Tunatumia tui la karanga. Na mama yake Bhoke ana asali ya mti, atatupa."

"Umejifunza wapi?" Madam Prudence aliuliza.

"Nimebuni mwenyewe, madam."

Darasa likapiga makofi. Makoye alipiga kuliko wote.

"Na Bhoke je?" mwalimu akauliza.

"Bhoke atanisaidia kupuliza moto," Happyness akasema, na wengine wakacheka.

Bhoke aliangalia dawati. Masikio yalikuwa ya moto. Alitaka kusimama aseme ni uongo, lakini koo lilikuwa limefunga. Basi hasira ikakosa pa kutokea, ikabaki ndani, na kitu kikikaa ndani bila hewa kinachacha. Akiteka maji anamuona Happyness ameaibika. Akisugua sufuria anamuona Happyness analia mbele ya wazazi wote na hakuna wa kumbembeleza. Picha ile ilimpendeza. Akawa anairudia kama mtu anayelamba kijiko.

Siku moja kabla ya sherehe, walikutana nyumbani kwa Happyness. Bhoke alibeba chupa ya asali ya mti. Happyness alichanganya unga huku akiimba, na Bhoke akapuliza moto.

"Happy, usikande sana," Bhoke akasema kwa sauti ndogo.

"We puliza tu, dada. Kupika niachie mwenyewe."

Bhoke akarudi kwenye moto. Ndipo Happyness alipovuta kopo la bati kutoka kabatini. Lilikuwa la samli, bibi yake aliituma kutoka Buswahili kule Butiama, ya njano, harufu yake imejaa jiko. Akachota kwa vidole akapaka sufuria yote, chini na pembeni, ili skonzi zisigande.

Bhoke alifungua mdomo.

Alishawahi kukaa kwa bibi yake likizo nzima akitikisa kibuyu cha maziwa mpaka mikono inauma. Aliijua samli inakotoka. Happyness yeye amekulia mjini, samli ameionea kwenye kopo. Na kwa watu wa kwao, maziwa ni yale ya kunywa. Samli ni mafuta, basi, kama mafuta mengine. Happyness hakuwa na nia mbaya hata kidogo.

Lakini Bhoke ndiye aliyekuwa nayo. Aliziangalia zile skonzi zikipangwa juu ya samli, na akajisemea moyoni: nimwache. Amesema amebuni mwenyewe, basi na hili ni lake mwenyewe. Makoye atawashwa kidogo tu, samli yenyewe ni ya kupaka. Watu watauliza nani amepika, na Happyness atajibu nini? Mimi nilikuwa napuliza moto.

Akafunga mdomo. Nani angemlaumu? Bhoke huwaga haongei, kila mtu anajua.

Siku ya wazazi uwanja ulijaa. Viti vilipangwa chini ya turubai, chai ikamiminwa. Happyness alipita na sinia lake la skonzi, amefunga kanga mpya kiunoni, na wazazi wakawa wanamsifu mama yake.

Mama Makoye alimsimamisha. "Mwanangu, samahani, nauliza tu. Hamna maziwa humu?"

"Hamna, mama. Hata tone."

"Mayai?"

"Hamna. Nimepika mwenyewe kwa mkono wangu."

Alisema kwa moyo mweupe kabisa, maana aliamini anachosema. Mama Makoye akamruhusu mwanae. Bhoke, nyuma ya meza ya vikombe, alisikia kila neno, akafurahi. Sema tena, akawaza. Sema kwa mkono wako, wasikie wote.

Makoye alichukua skonzi moja. Hakuila palepale. Alizunguka meza akaja mpaka aliposimama Bhoke.

"Nimekuja kula hapa na wewe," akasema. "Pale dirishani nilishazoea, leo nimepahama."

Bhoke aliendelea kupanga vikombe.

"Hupendagi kuongea, najua. Mimi nilikuwaga sipendi kula na watu, sababu wananiuliza kwa nini unakula kiazi. Leo waniulize." Akacheka, akaimega skonzi, akampa Bhoke nusu. Nusu nyingine akaipeleka mdomoni.

Sauti haikutoka. Mkono ndio uliotoka. Bhoke alimpiga Makoye kwenye kiganja, skonzi ikaruka ikaanguka vumbini, na kikombe cha chai kikapinduka mezani.

Watu wakasimama. Happyness akaja mbio, amekasirika. "Mnamuona? Ana wivu huyu. Tangu jana amenuna."

"Bhoke, kuna nini?" Madam Prudence akauliza.

Macho yote yalikuwa kwake, wazazi, walimu, darasa zima. Koo likaanza kufunga kama kawaida yake. Makoye alikuwa ameinama, anaiokota skonzi, anaipuliza vumbi, na alikuwa na sura ya mtu anayetaka kuila hivyo hivyo.

"Usile," Bhoke akasema. Akasema tena kwa nguvu, "Usile, Makoye. Wamepaka samli."

Mzee Nyamhanga, mwenyekiti wa kamati ya shule, akatikisa kichwa. "Samli ni mafuta, mjukuu wangu. Mama ameuliza maziwa."

"Samli inatoka kwenye maziwa, babu. Nimetikisa kibuyu mwenyewe."

Mama Makoye alishafika. Alimnyang'anya mwanae ile skonzi, akaigeuza chini, akainusa. Akaiweka mbali, akamvuta mwanae karibu yake. "Ni kweli," akasema. "Kule Bunda alishawahi kulazwa kwa sababu hii hii."

Happyness alianza kulia. "Sikujua, madam. Naapa sikujua." Na ilikuwa ile picha yenyewe aliyoilamba Bhoke siku zote zile: Happyness, machozi, wazazi wote wakimtazama. Ila sasa haikuwa na utamu wowote.

Madam Prudence akamgeukia Bhoke. "Uliona anapaka?"

"Niliona, madam."

"Lini?"

"Jana."

"Mbona hukusema?"

Angeweza kujibu kwamba aliogopa, na wote wangeamini. "Nilitaka aaibike," Bhoke akasema. "Skonzi ni zangu. Mimi ndiye niliyemfundisha, yeye akasema amebuni. Halafu akasema kazi yangu ni kupuliza moto."

Madam Prudence akawapeleka ofisini wote wawili, na Mama Makoye akawafuata. Huko Happyness alikubali kwamba alidanganya. Mwalimu akamwambia kwamba Jumatatu atasimama pale pale aliposimama na kulirudisha darasani neno alilolisema. Kisha wote wakapewa adhabu ya kusafisha jiko la shule wiki nzima, pamoja.

"Nisamehe," Happyness akamwambia Bhoke.

Bhoke aliitikia kwa kichwa tu. Hasira ilikuwa bado ipo, asingeweza kusema imeisha.

Jumatatu Happyness alisema ukweli mbele ya darasa, kwa sauti iliyokuwa ikitetemeka. Na Jumamosi iliyofuata, Mama Makoye alimleta mwanae Iringo. Alikuja na sufuria mpya ambayo haijawahi kuguswa na maziwa, na chupa ya mafuta ya pamba. Bhoke akapika, Happyness akasaga karanga, na Mama Makoye akaweka kigoda mlangoni akatazama kila kilichoingia kwenye unga. Skonzi zilipotoka, Makoye alikula akiwa amesimama. Mama yake alimhesabia pumzi kwa macho. Hakuvimba, hakujikuna. Akachukua ya pili bila kuomba, wenzake wakamcheka, na yeye akacheka mdomo umejaa.

Ndipo Mama Makoye akamvuta Bhoke pembeni.

"Mwanangu, nakushukuru. Halafu nakulaumu. Vyote viwili uvipokee."

"Ndiyo, mama."

"Sikwambii usikasirike. Ulidhulumiwa, hasira ilikuwa haki yako. Lakini ugomvi ulikuwa wako na mwenzako, wewe ukauweka mdomoni mwa mtoto wangu. Kisasi ndivyo kilivyo, hakichagui wa kumdhuru. Na usiniambie ulinyamaza tu. Kunyamaza ukijua mtu anaumia ni kazi umeifanya, sawa na aliyepaka kwa vidole. Siku nyingine ukidhulumiwa, mwambie aliyekudhulumu, palepale, hata kama sauti inatetemeka. Ikikushinda, mwambie mama yako, mwambie mwalimu, njoo uniambie mimi. Haki inadaiwa kwa mdomo. Umeelewa?"

Bhoke alifikiria kuitikia kwa kichwa, kama alivyozoea. Akaacha.

"Nimeelewa, mama," akasema, kwa sauti ambayo na Happyness, kule jikoni, aliisikia.