Jani Lenye Miguu

Kila asubuhi kabla ya shule, Kiherehere aliokota majani makavu katika banda la wavu ambamo shangazi yake alifuga vipepeo. Jina hilo la utani alipewa kwa sababu hakutulia hata wakati wa kula. Na kazi hii, jamani, ilitaka utulivu. Kuna kipepeo ambaye akikunja mabawa hufanana kabisa na jani lililokauka, na kukiwa na baridi hana hata nguvu ya kuruka. Ndiyo maana shangazi alikataza ufagio. Kila jani liokotwe kwa mkono na kupulizwa kwanza.

Siku hiyo wenzake walimwita kutoka njiani. Kiherehere akasema potelea mbali, akafagia majani yote, akayajaza katika gunia na kulitupa kwenye shimo la taka.

Shangazi alipowahesabu vipepeo wake, jike pekee wa aina ile hakuonekana. Alikuwa karibu kutaga, na bila mayai yake kizazi kile kingekwisha. Akamwita Kiherehere kabla hajaondoka, akamuuliza kama aliokota kwa mkono.

"Ndiyo, shangazi," akajibu bila kupepesa macho.

Basi shangazi akaamini kwamba wavu umetoboka, akapanda ngazi kutafuta tundu.

Darasani Kiherehere hakuweza kutulia kitini. Mwalimu alifundisha, yeye akawaza gunia tu. Shangazi alichoma taka kila siku adhuhuri! Kengele ya mapumziko ilipolia, alitoka mbio hadi nyumbani. Shangazi alikuwa bado juu ya ngazi, jasho likimtoka.

"Shuka, shangazi. Wavu hauna tundu. Nilifagia, halafu nikakudanganya."

Shangazi akashuka, wakalitoa gunia shimoni. Wakayamwaga majani juani, wakapuliza jani baada ya jani. Mikono ilimwasha Kiherehere kuchakura kwa pupa, lakini alijizuia. Mwishowe jani moja likatoa miguu, likatembea, likafunua mabawa ya buluu na rangi ya chungwa. Ncha moja ilikuwa imechanika.

"Atataga," shangazi alisema. Kiherehere akashusha pumzi, akadhani yamekwisha.

"Haraka kila mtu anayo, hata mimi," shangazi akaendelea. "Lakini uwongo wako ulinipandisha ngazi asubuhi nzima. Ukikosea, mwanangu, sema mapema, kosa litafutiwe dawa. Ungenyamaza mpaka adhuhuri, ningemchoma kipepeo huyu kwa mkono wangu mwenyewe, na mimi ndiye niliyekuwa nikimtafuta."