Aliyehamia Kwenye Kimya

Pumzi ile haikuwa yake, wala haikuwa ya binti yake.

Mama Kinanda aliirudisha rekodi nyuma, akasikiliza tena. Mlango kwenye filamu unakaribia kufunguka, muziki unakatika, kimya. Hapo palitakiwa kuwa patupu kabisa. Ndiyo ilikuwa sifa ya kazi yake: kuwatisha watu kwa kuwanyima sauti kabla mlango haujafunguka. Alikuwa ametungia muziki tamthilia na filamu tele, watu wakalia sebuleni, na jina lake likapita mwishoni wakati kila mtu ameshainuka. Hata majirani walidhani anafundisha watoto kinanda. Sasa kwenye kile kimya chake kulikuwa na mtu anahema.

"Ni wewe huyu?" alimuuliza binti yake, ambaye ndiye aliyemwimbia filamu zote.

"Si mimi." Sauti ilitoka kwa kukwaruza. "Koo, mama. Tangu tumalize kurekodi."

"Umekunywa maji ya baridi."

"Sijanywa."

Mama Kinanda akaifuta ile pumzi. Ikarudi. Akafuta tena, na chumba kile kidogo, kilichozibwa kuta zote kwa magodoro ya zamani, kikaanza kunuka kiberiti kilichozimwa. Ulikuwa mchana mweupe, nje watu wanafua. Lakini kila alipoicheza rekodi, ile pumzi ilizidi kukaribia na sauti ya binti ilizidi kufifia, mpaka binti akawa anachezesha midomo tu, machozi yanamtoka, anaonyesha koo lake kwa kidole, na hapo ndipo spika zilipozungumza, taratibu, kwa sauti ya binti yule yule aliyekuwa amekaa pale amefumba mdomo.

"Usinifute, Mama Kinanda. Wewe ndiye uliyenijengea. Kila filamu chumba kimoja, kitupu, hakina mtu. Sisi majini tunapenda nyumba za namna hiyo."

"Unataka nini?" alinong'ona.

"Nyumba ninazo. Nilikosa sauti tu, na sasa nimeipata. Iache filamu iende hivi hivi. Jina lako litakuja mwanzoni, kubwa, peke yake."

Tusidanganyane, alilitaka. Mwongozaji wa filamu naye alikuwa ameshamwahidi hivyo hivyo, mradi kile kimya kiwatoe watu jasho. Alikuwa amelisubiri jina lile tangu nywele zake zikiwa nyeusi. Akamtazama binti yake, na hasira ikampanda kuliko woga.

"Umekosea mlango," alisema. "Mimi kutojulikana nimezoea. Mwenye njaa ya kusikika ni wewe, mwizi wa koo la mtoto."

Mtu mwingine angekimbilia kwa mganga. Yeye alivuta kipaza sauti, akabonyeza kurekodi juu ya kile kimya, akaanza kuimba bembelezo. Sauti yake ilikuwa mbaya, hilo ukoo mzima unalijua. Binti alipokuwa mchanga, akibembelezwa ndio kwanza analia. Spika zikatetemeka, vitufe vya kinanda vikaanza kubonyea vyenyewe, godoro likabanduka ukutani likamwangukia mgongoni, harufu ya kiberiti ikamziba pua, kitu cha baridi kikampapasa shingoni kikitafuta koo lake, naye akaimba, akakohoa, akaendelea kuimba, mpaka kile kimya kikajaa pomoni na pasibaki hata pa kuweka sindano.

Vitufe vikatulia.

"Mama," binti alisema, sauti safi, "unaimba vibaya."

Mama Kinanda alimkumbatia, akalia waziwazi.

Alimtumia mwongozaji rekodi ile, naye akapiga simu kabla ya jioni. "Kile kimya kimeenda wapi? Na nani huyu anakoroma?"

"Ni mimi."

"Mtoe, au jina linarudi mwishoni."

"Lirudishe."

Jioni ile televisheni ilirudia tamthilia yake ya zamani. Mlango ukakaribia kufunguka, muziki ukakatika, na kwenye kimya mtu akahema. Binti akashika koo.

Mama Kinanda akazima televisheni. Alikwenda kwenye rafu ya kazi zake zote, vile vyumba vyote vitupu alivyojenga, akachukua rekodi ya kwanza.

"Ziba masikio, mwanangu. Kituo cha televisheni nitawapelekea nakala mpya mimi mwenyewe."

Akavuta kipaza sauti, akasafisha koo. Kutoka kwenye spika ikaja sauti nyembamba, isiyo ya mtu yeyote tena.

"Mama Kinanda, nakuomba. Usiimbe."

Akaimba.