Kuachishwa kwa Kaizari

Mbwa Kaizari alipoanguka katikati ya soko la Kariakoo, povu mdomoni na miguu ikitimua vumbi, watu walitawanyika wakidhani ni kichaa cha mbwa. Akabaki Demetria, fundi cherehani wa Temeke, gauni lake jipya la maua limechafuka, na kijana mmoja wa kaptula ya kaki aliyepiga magoti bila kuombwa.

"Usimshike mdomo, dada. Ni kifafa, kitapita."

Kikapita. Kijana alikuwa Wilbert, msaidizi wa daktari wa mifugo. Daktari alitoa vidonge vyeupe, na kwa miezi mingi mbwa yule, aliyeachwa na marehemu baba yake Demetria, hakuanguka tena. Demetria alistaajabu. Kidonge kidogo kuliko ukucha kiliwezaje kuzuia tufani ile?

Wilbert naye akazoea kuja kumtazama mgonjwa.

"Unafuata mbwa au chai?"

"Mbwa. Chai ni bahati yangu."

Jumamosi moja akapiga simu kwenye duka la jirani. "Mpenzi, daktari amekubali. Sasa tumwachishe Kaizari dawa."

Demetria akavitupa vidonge chooni. Neno lile alilijua vizuri. Baba yake aliachishwa kazi bandarini asubuhi, na mchana ule ule alikuwa hana kazi.

Wiki haikuisha. Kaizari alianguka, na kabla hajapata fahamu akaanguka tena. Wilbert alipopiga simu, Demetria alimwambia, "Umeniulia mbwa wa baba. Usije kwangu," akakata.

Akaja, pamoja na daktari na sindano yake. Kifafa kilipolegea, Wilbert akauliza, "Ulimpunguzia kiasi gani?"

"Nipunguze nini? Si ulisema aachishwe?"

Wilbert akakaa chini sakafuni. "Kama mtoto ziwa, Demetria. Kidogo kidogo, mwili uzoee. Dawa hii ikikatwa ghafla, ugonjwa hurudi na hasira. Kosa ni langu, nilidhani umenielewa."

"Mie nilijua kama kazi."

Hapo Kaizari akafumbua macho, akanusa kiganja cha Demetria, akamtambua. Demetria akalia mbele ya daktari bila haya. Hakujua uhai unaweza kwenda mbali vile na bado ukarudi.

Dawa ikaanza upya, kiasi kile kile cha mwanzo. Baadaye sana daktari akaanza kuipunguza, kila mara akimpima kwanza. Masika yalipokwisha, Kaizari alikuwa hamezi dawa tena, na anafukuza kuku wa watu.

"Mgonjwa amepona," Wilbert akasema, kofia mkononi. "Sina tena sababu ya kuja Temeke."

"Basi nawe itabidi uachishwe."

"Kama kazi, au kama ziwa?"

"Kama ziwa. Ila sianzi kupunguza mpaka tuzeeke. Kwa hiyo walete wazee wako, baba yangu mdogo yupo Jumapili."