Yolette Hatoki Relini

"Yolette, toka relini!"

"Sitoki."

Wilner alikuwa anamsihi kwa simu kutoka ndani ya kichwa cha treni. Treni yake ya miwa ilikuwa imesimama hatua chache tu kutoka pale mchumba wake alipoketi na wanawake wa kambi ya Wahaiti wakata miwa, ndoo tupu mapajani. Pampu ya maji ya kambi ilikuwa imekufa tangu mwezi uliopita, na kiwanda hakikuitengeneza. Watoto walikuwa wanakunywa maji ya mfereji wa shamba, yenye dawa ya magugu.

"Nikichelewesha huu mzigo sina kazi! Jumamosi harusi, mpenzi. Tutaishi wapi?"

"Hapa hapa kambini. Kwani wewe ulizaliwa ikulu?"

Wanawake wakaangua kicheko. Bi Adelin, mkongwe wao, akadakia:

"Mwambie apite juu yangu! Nyama yenyewe ilishaliwa na miwa, imebaki mifupa!"

Wilner akakata simu. Tangu apewe udereva na kuhamia mjini, mwanaume huyu alikuwa amesahau njia ya kwao. Akamwandikia: "Micheline, mtoto wa dada yako, kalazwa tangu jana, anaharisha damu. Simu za huku hupokei. Ukitaka kupita, pita. Mimi siondoki."

Injini ikanguruma. Honi ikalia, ndefu. Yolette akafumba macho, akaushika mkono wa Bi Adelin, asisogee hata inchi.

Kisha injini ikazimika.

Alipofumbua, Wilner alikuwa amesimama mbele yake, shati limelowa jasho.

"Micheline anaendeleaje?"

"Kawekewa dripu. Ungekuja ungemwona."

Simu ya Wilner ikaita. Sauti ya nyapara Eusebio ikasikika mpaka kwa wanawake:

"Endesha treni, Mhaiti wewe!"

"Tafuta dereva mwingine, bosi. Na uwaambie kiwandani miwa yao itachachia hapa mpaka maji yatoke."

"Umefukuzwa!"

"Nimesikia."

Wilner akazima simu, akaketi kwenye reli. Yolette hakumtazama, lakini alimsogezea bega.

Kesho yake mchana mafundi wa kiwanda wakaleta pampu mpya. Udereva haukurudi. Jumamosi wakafunga ndoa, Jumatatu alfajiri Wilner akachukua panga akaenda kukata miwa na wenzake.

Jioni alirudi viganja vimechubuka. Yolette akavipaka mafuta polepole.

"Unajuta, mume wangu?"

"Mikono ndiyo inajuta," Wilner akasema. "Mimi hapana."