Maji ya Mwangazi

Mashine ya boti ilizimika mbele ya gati la Matombo, ikawaka. Ilizimika tena nje ya ghuba, ikawaka kwa matusi. Mara ya tatu haikuwaka.

Katika dunia ile, ambayo ina miezi miwili angani na bahari inayolamba miguu ya milima ya Uluguru, mtu wa Matombo akitaka kufika Msamvu hupanda boti. Mwanvita alikuwa anarudi shule ya bweni baada ya likizo. Babu yake, mzee Hashimu, alikuwa anapeleka ndizi mbichi sokoni kwa boti yake ndogo, wao wawili tu. Tangu asubuhi Mwanvita alikaa kwa adabu isiyo ya kawaida, mikono mapajani, akisubiri jambo moja tukufu: babu aone kiu.

Dumu la maji ya kunywa alilificha nyuma ya ngazi za gati, akapakia lingine lililojaa maji ya bahari. Utani huo ulikuwa halali kabisa. Babu humwita mjukuu wake mke, mjukuu humtilia mumewe pilipili kwenye chai, na hakuna anayeshtakiwa. Bahati mbaya siku hiyo babu alikunywa chai nyingi, na nchi kavu ikapotea machoni kabla hajafungua kifuniko.

Upepo ukashuka kutoka mlimani, mkavu, usio na tone la mvua. Wimbi la kwanza liliondoka na ndizi pamoja na kasia. La pili liling'oa mashine, nayo kabla ya kuzama ikapita juu ya mguu wa babu. Mwanvita aliusikia mfupa ukivunjika kama muwa.

Bahari ilipotulia, mkondo ulikuwa umeshawavuta kupita Ngerengere. Zaidi ya hapo hakuna kitu.

"Nipe maji, mke wangu," babu alisema.

Mwanvita hakusogea.

"Umekuwa kiziwi? Ndiyo maana mahari yako sikumaliza."

"Babu, humo hamna maji."

"Mna nini?"

"Bahari."

Mzee Hashimu alivuta dumu, akaonja, akatema. Kisha akacheka, mpaka mguu ukamkataza. "Umenipata," alisema. "Safari hii umenipata kweli."

Hakumgombeza. Mwanvita angetoa chochote agombezwe.

Akaufunga ule mguu kwa vipande vya ubao na tai ya shule. Jua likawachoma kutwa, na kesho yake likarudi kuendelea na kazi. Mguu ukavimba, ukanuka. Midomo ya babu ikapasuka. Akaacha kumwita mke. Akawa anamwita Zuhura, jina la bibi aliyekwisha kuzikwa, na hakuwa anatania. Mwanvita alitafuta mzaha wa kumjibu, yeye aliyewahi kumchekesha hata matroni, akakosa.

Alasiri ukungu ulitanda, mzito. Chini yake maji yakaanza kung'aa.

Alikuwa mwangazi, yule mnyama wa baharini. Upana wake kiwanja cha mpira, mwili kama uji uliopoa, na ndani mishipa ya buluu ikiwaka na kufifia kama kitu kinachopumua. Alikuja mpaka ubavuni mwa boti, akatulia. Wavuvi husema chini ya ngozi yake kuna maji matamu ya kujaza visima. Husema pia kwamba hakuna aliyetia mkono humo akautoa ukiwa mzima.

Babu alifumbua macho, akili zimemrudia. "Mwache apite. Mimi nimeshazeeka. Huo mkono unauhitaji."

"Wa nini?"

"Wa kuandikia mtihani."

"Nitaandika kwa kushoto. Maksi zenyewe zitakuwa zile zile."

Akamwaga bahari iliyokuwa kwenye dumu, akachukua panga la kukatia ndizi. "Shikamoo," alimwambia mwangazi, maana ni mkubwa kuliko watu wote anaowajua. Mwangazi hakuitikia. Akamchana, akazamisha dumu na mkono mpaka kiwikoni.

Ilikuwa kama kutia mkono kwenye sufuria ya ugali wa shule, na kuambiwa usubiri uive. Akauma kola ya shati. Dumu hujaa polepole. Kila mwanafunzi aliyepanga foleni bombani analijua hilo. Alisubiri lijae. Alipolivuta, vidole havikuwa na habari tena.

Babu alikunywa. Naye akanywa, kisha dunia ikamtoka.

Wavuna mwani waliokuwa wakirudi nyumbani waliona taa ndani ya ukungu, wakaifuata. Walipofika hawakukuta taa. Walikuta mkono wa msichana asiyejitambua ukining'inia nje ya boti, unawaka buluu mpaka kiwikoni.

Huko Msamvu mguu wa mzee Hashimu ulikatwa. Mkono wa Mwanvita ulibaki, ila vidole havikunjiki, na haujazimika mpaka leo. Bwenini hawezi tena kunyata kwenda kumpaka mtu dawa ya meno usingizini. Bweni zima huamka likidhani kumekucha.

Siku babu alipoweza kukaa kitandani, Mwanvita alimpelekea kikombe cha maji. Mzee akakitazama kikombe, akautazama ule mkono.

"Onja wewe kwanza, mke wangu."

Mwanvita akaonja. Akakishika kikombe kwa mkono ulio mzima, akamnywesha mwenyewe, mpaka yakaisha.