Beseni la Stoo

Jirani yetu Nyanchoka alipohamia nyumba ya kupanga mjini Migori, alikuta beseni kubwa stoo. Alilitoboa chini kwa msumari wa moto ili maji yasituame, akalijaza udongo mchachu wenye majani ya msonobari, akapanda mche wa bluberi, yale matunda madogo ya buluu. Miche miwili ilikuwa imemfia kwenye ndoo. Huu wa tatu aliapa hautakufa.

Jumamosi alienda kanisani kwao Wasabato na mwanawe Orpah mgongoni. Aliporudi, mche ulikuwa umelazwa verandani, mizizi nje. Beseni lilikuwa limeoshwa likang'aa. Alipanda upya huku akisonya. Jumamosi iliyofuata, mambo yakawa yaleyale, na safari hii matundu yalikuwa yamezibwa kwa sabuni.

Alikasirika mpaka akagombana na wapangaji wa ploti nzima. Watoto wa Ruqia, mwenye duka la nguo mlango wa pili, walifokewa bila kosa. Ruqia alimvuta kando, akamnong'oneza.

"Mama Orpah, hiyo beseni ulitoa wapi?"

"Stoo. Kwani ni yako?"

"Ni ya mama alikuwa hapa kabla yako. Mtoto wake alizama ndani yake akioshwa. Mama naye hakukaa, akamfuata. Tulimzika huko Ndhiwa. Irudishe tu stoo."

Nyanchoka hakuamini, lakini mche ulikuwa umebaki vijiti. Akauhamishia kwenye ndoo ya rangi, akalirudisha beseni stoo kwa kulitupa. Ilimuuma kushindwa na kitu asichokiona.

Mche ukapona. Ukazaa.

Jumamosi moja Orpah alikuwa na mafua, hawakwenda kanisani. Nyanchoka alimlaza, akatoka mlangoni kuonja tunda la kwanza. Lilikuwa tamu. Alikula jingine, roho ikatulia kidogo.

Ndani, kikohozi kilikuwa kimekoma.

Aliingia mbio. Mlango wa stoo ulikuwa wazi. Orpah alikuwa amelala, anapumua. Nywele zake zilikuwa zimelowa, zimechanwa, zikagawanywa kwa mstari ulionyooka. Alinukia sabuni. Alipomnyanyua, mtoto aliangua kilio, akinyoosha mikono kuelekea stoo.

Walihamia Homa Bay siku ileile. Beseni na bluberi aliviacha.

Amejaribu kumnyoa mtoto, lakini nywele huota tena. Kila jioni humsuka mistari, vizuri, mpaka ya mwisho. Asubuhi hukuta zimefumuliwa. Zimegawanywa kwa mstari mmoja, na bado mbichi kwa maji.