Alasiri ya Dakika Nane

Saa tisa kamili Chilongani alifumba macho kwenye kitistarehe, kiti cha mtambo kilichokuwa sebuleni. Dakika nane baadaye aliyafumbua, akajinyoosha, akacheka peke yake. Katika muda huo ubongo wake ulikuwa umepokea alasiri nzima: kahawa, soga za kibarazani, na drafti na rafiki yake Malogo, mstaafu wa nyumba ya tatu. Alimwambia mkewe kwamba amefungwa mara tano, kisha akarudi zamu kiwandani, kama walivyofanya kila siku saa hiyo wanaume wengine wa mtaa wao pale Dodoma.

Mkewe, Nyemo, alikuwa fundi wa viti hivyo. Mtambo huchota sura na sauti za watu kutoka kwenye kumbukumbu za aliyekaa, na kuzifuma kuwa tukio jipya. Yule mwingine si lazima awepo. Watu walielezwa hivyo siku ya kwanza, wakasahau.

Jioni hiyo alitumwa kwa Malogo, kwa kuwa kiti chake hakikuwa kimewashwa kwa siku arobaini na moja. Alibisha hodi, kimya. Alipofungua kwa ufunguo wa kifundi, harufu ilimpokea mlangoni. Malogo alikuwa kitandani, amekauka, shuka imemfika kifuani.

Nyemo alitoka, akawauliza majirani. Wote walimhakikishia kuwa mzee hajambo. Mmoja alisema jana tu walizungumza habari za mjukuu wake. Hakuna aliyekuwa akidanganya.

Mumewe aliporudi, Nyemo alimketisha.

"Baba Yeremia, Malogo amefariki. Ni mwezi na zaidi sasa."

Machozi yalimlengalenga Chilongani. Nyemo akamweleza kwamba mazishi ni kesho saa tisa, na wanahitajika watu wa kubeba jeneza.

"Saa tisa siwezi," alisema taratibu. "Nitakuwa naye."

Nyemo alimtazama usoni. Hakuwa anatania.

Kesho yake mchungaji alifika, na jeneza likawekwa katikati ya barabara. Mtaa ulikuwa mtupu. Saa tisa na dakika moja Nyemo alikwenda kwenye sanduku la umeme la mtaa, akalifungua kwa ufunguo wake wa kifundi, akazima viti vyote, akalifunga.

Milango ikafunguka mmoja mmoja. Wanaume walitoka, wakapepesa macho juani, wakatazamana kama watu wasiojuana. Chilongani alikuwa miongoni mwao. Walilipita jeneza, wakaja kumzunguka Nyemo, na mumewe ndiye aliyenyoosha mkono kudai ufunguo.